Daftari la Jumamosi

Kabla sijawa padre nilikuwa mtu wa mizani. Kwa miaka ishirini na saba nilikaa kwenye kibanda kando ya barabara kuu, malori yanapanda kwenye bamba la chuma, namba zinatokea, nami natamka: pita, au rudi ukapunguze. Kila dereva alikuwa na hadithi yake. Mvua imelowesha magunia, mizani ya alikotoka ni mbovu, mke anajifungua. Nilijifunza mapema kutosikiliza. Namba ikishatokea, mdomo wa dereva hauna kazi tena. Niliipenda kazi ile, nisiwe mnafiki. Nilipenda hasa ile sekunde ambayo mtu mzima mwenye tumbo lake na gari lake kubwa ananiangalia mimi, mtu mwembamba mwenye kalamu, na hana la kufanya.

Naanza na mizani kwa sababu watu wakinielezea siku hizi huanza na wito. "Padre wetu aliitwa uzeeni," wanasema kwa sauti ya upole, kana kwamba Mungu alinikuta nimekaa barazani nimeshaoga namsubiri. Haikuwa hivyo. Mke wangu alifariki, nyumba yetu ya Kihonda ikawa kimya, watoto wote wawili wana familia zao, nami nikaanza kwenda misa ya asubuhi kwa sababu sikujua la kufanya na asubuhi. Huko kitu kikanishika. Siwezi kukieleza na sijaribu. Nilibishana nacho mwaka mzima, nikashindwa. Kwa hilo sioni aibu hata kidogo. Aibu yangu iko kwingine.

Seminarini niliingia nina miaka hamsini na mitatu. Vijana niliosoma nao waliniamkia shikamoo kila asubuhi, kisha wakaniachia masufuria ya kusugua, maana orodha ya zamu haimjui mzee. Waliniita Babu. Filosofia ilinipiga chenga, Kilatini kilinitoa jasho, lakini sheria za Kanisa nilizielewa upesi kuliko wote. Hapo nilikuwa nyumbani. Nilipopewa upadre nikiwa na miaka hamsini na tisa, nilikuwa na hofu moja tu: kwamba watu wataniona padre wa kubahatisha, mgane aliyekosa pa kushika. Nikaapa kwamba hakuna atakayenikuta nimelegea.

Nikapangiwa parokia ya milimani, Uluguru, kuwa msaidizi wa paroko aliyenizidi vyeo na niliyemzidi umri. Huko pikipiki inakufikisha mahali fulani kisha inakataa, na vigango vingine, makanisa madogo ya vijijini, unavifikia kwa magoti yako mwenyewe, katikati ya mashamba ya kabichi yaliyolala kwenye mteremko ambao mimi nisingethubutu hata kusimama. Kinamama wanaushuka mteremko huo na matenga ya karoti kichwani, wanaongea na kucheka, wakati padre wao anashikilia majani kila hatua. Walinicheka nami nikakasirika. Nilikuwa nakasirika kwa urahisi sana wakati ule.

Nieleze kidogo habari ya jumuiya. Wakatoliki wa kwetu tunagawanywa katika jumuiya ndogo ndogo, nyumba kumi au kumi na tano kila moja, na Jumamosi asubuhi mapema watu hukutana nyumbani kwa mmoja wao kusali. Mahudhurio yanaandikwa kwenye daftari: tiki kwa aliyekuja, mkasi, yaani alama ya X, kwa ambaye hakuja. Mtu akifa, swali la kwanza wanaloulizwa viongozi ni kama alikuwa anasali jumuiya. Jibu likiwa hapana, padre anaweza kukataa kwenda. Katekista atasoma sala fupi na watu watafukia. Waumini wanaiogopa adhabu hiyo kuliko Jehanamu, maana Jehanamu majirani hawakuoni.

Jumatano moja ya masika, paroko akiwa mjini kwenye mkutano, mwenyekiti wa jumuiya mojawapo alikuja ofisini kwangu akiwa na daftari kwapani. Nyuma yake waliingia wazee wawili na mwanamke mmoja wa miaka hamsini na kitu, amejifunga kaniki. Mumewe alikuwa amefariki jana yake, tumbo, kwa siku mbili tu. Wazee wale walikuwa wajomba wa marehemu. Huku ukoo hufuatwa kwa mama. Mwanamume akioa mara nyingi huhamia kwenye ardhi ya ukoo wa mkewe, lakini akifa wenye mtoto ni wajomba zake. Hao walikuwa wamevuka bonde tangu asubuhi na miamvuli yao inachuruzika maji sakafuni kwangu. Hata hilo nilikuwa nimeshalikasirikia.

"Baba, tumekuja kukuomba utuzikie mwanetu," alisema mkubwa wao.

Mwenyekiti akafungua daftari mezani. Hakuwa mtu mbaya, alikuwa mtu wa utaratibu, nami nilimpenda kwa sababu hiyo. Akaweka kidole kwenye mstari wa jina la marehemu, akakitembeza taratibu. Mikasi mitupu, ukurasa baada ya ukurasa. Mstari wa juu yake ulikuwa wa mkewe, tiki tupu.

"Miaka mitatu, Padre. Mkewe yupo, yeye hayupo. Kanisani Jumapili vilevile."

"Mama yangu ni mgonjwa, Padre," alisema yule mwanamke. "Yuko kitandani mwaka wa tatu huu."

"Mama tunajua ni mgonjwa, na kumsalia tumeshakwenda," mwenyekiti akamjibu. "Lakini ni mama yako wewe. Mkwe anahusikaje?"

Mwanamke akawatazama wale wajomba, kisha akatazama chini. Halafu akasema kwa sauti ya chini, "Padre, naomba niseme na wewe pembeni."

Nimelirudia jibu langu mara nyingi hata nalichukia. Nilisema, "Hapa hapa, mama. Mimi sina siri na mtu." Kisha nikaongeza: "Nijibu kitu kimoja tu. Mumeo alikuwa anasali jumuiya, au alikuwa hasali?"

"Alikuwa hasali, Padre."

Nikalifunga daftari kwa kiganja. Nikawaambia katekista atakwenda, mimi siendi, na kwamba nasikitika. Sikusikitika. Ile sekunde ya mizani ilikuwa imenirudia, watu wazima watatu wananiangalia na hawana la kufanya, na ilikuwa tamu kama zamani. Mchana ule nilikula wali na maharage nikaongeza.

Walimzika Alhamisi. Kutoka uani kwa parokia unauona upande wa pili wa bonde, na niliwaona, kikundi cha watu wadogo wadogo na miamvuli, wamesimama kidogo tu kisha wakaanza kutawanyika. Mazishi yalikuwa mafupi mno. Nilirudi ndani nikasali masifu ya jioni, sijui kwa kinywa gani.

Wiki kadhaa zikapita. Ijumaa ya kwanza ya mwezi tunapeleka Komunyo kwa wagonjwa majumbani, na mwezi ule ng'ambo ya bonde ilikuwa zamu yangu. Katekista alinipa orodha ya wagonjwa wanne. Wa mwisho alikuwa bibi mmoja asiyeweza kuinuka. Sikuuliza ni wa nyumba gani. Nilipofika, aliyetoka kunipokea alikuwa yule mjane mwenye kaniki.

"Tumsifu Yesu Kristo," alisema.

"Milele, amina," nilimjibu, na hapo hapo nikaanza kuitafuta njia ya kutokea. Haikuwepo. Akanipisha mlangoni.

Chumba cha bibi kilinishangaza. Nilijiandaa kwa harufu, nikakuta harufu ya sabuni na mchaichai. Kitanda kilikuwa kimeinuliwa kwa magogo upande wa dirishani ili mgonjwa aone mlima. Juu yake kulikuwa na mti wa mwanzi umefungwa darini kwa kamba, laini kwa kushikwashikwa, wa kujiinulia. Nikasema, "Shikamoo, mama." Akaniitikia marahaba kwa sauti nzima kabisa. Mjane alipomgeuza ili akae vizuri kupokea, kanga ikateleza, nikauona mgongo wake. Ulikuwa mzima. Miaka mitatu kitandani na hana kidonda hata kimoja.

Mgongo wa namna ile mimi naujua thamani yake. Mke wangu aliugua miezi saba kabla hajafariki, na mgongo wake uliliwa na vidonda. Aliyekuwa anamgeuza ni msichana wa kazi, akikumbuka. Mimi nilikuwa nasimama mlangoni nikitoka kazini, naulizia kama amekula. Nilijiambia mwanamume hana mikono ya kazi ile. Kwa hiyo mbele ya mgongo wa bibi yule nikauliza, kwa kutaka kujua kweli, "Mama, nani anakugeuza?"

"Mkwe wangu," akasema.

Binti yake alisimama wima kama mtu aliyeguswa na moto. "Mama," alisema. Lakini bibi alikuwa ameshaanza, na mtu wa umri ule akianza hakatizwi.

"Mwanzoni alikuwa anafunga kitambaa machoni. Anaingia anapapasa ukuta. Siku moja akanikosa, karibu aniangushe. Nikamwambia, fungua, mwanangu, utaniua kwa heshima. Akafungua. Lakini alikuwa anatazama pembeni, hivyo."

Hapo mimi nikakaa kwenye kigoda. Mtu wa huku hahitaji kuelezwa. Mkwe na mama mkwe wake ni watu wa kukwepana. Akimwona njiani anaingia majanini ampishe. Hali chakula mbele yake, hamtaji jina, na chumbani kwake hata kizingiti hakivuki. Mwanamume anayemgeuza mama mkwe wake kitandani na kumfuta angechekwa kijiji kizima, na wajomba zake wangeona mtoto wao amedhalilishwa. Majirani walijua bibi ni mgonjwa, walidhani binti ndiye anayefanya yote. Na Jumamosi asubuhi, saa ambayo mgonjwa lazima ageuzwe, afutwe na alishwe, lazima mmoja abaki.

Mjane alinieleza baadaye, nje, amesimama mbali nami kidogo. "Alisema nikikosekana mimi, kinamama watakuja kuuliza kuna nini. Mwanamume akikosekana jumuiya, nani anashangaa? Akaniambia, nenda wewe, mkasi wauweke kwenye jina langu."

"Na siku ile ofisini?"

"Wajomba zake walikuwepo, Padre."

Nilikuwa naona maneno aliyoyabakiza: kwamba aliomba pembeni. Dakika mbili za pembeni.

Lakini kabla ya hayo ya nje lilitokea la ndani, na hilo ndilo baya zaidi. Nilikuwa nimesimama mbele ya kitanda, Ekaristi iko kifuani kwangu ndani ya kimkoba chake, nimeshaanza kufungua kitabu cha sala. Bibi akanishika mkono.

"Ulimzika vizuri, mwanangu?"

Mjane alikuwa mlangoni. Nikasema, "Ndiyo, mama."

Nilisema uongo na Bwana yuko kifuani. Nilimsikia mjane akivuta pumzi, nikangoja anikane, na kwa kweli nilitaka anikane. Hakunikana. Alipiga magoti kando ya kitanda cha mama yake, akafumba macho, akafungua kinywa, nami nikampa Komunyo.

Nikishuka mlima siku ile nilikuwa nawaza mizani. Sasa niseme lile ambalo nimekuwa nalizunguka. Mimi mwenyewe katika maisha yangu yote ya ndoa jumuiya nilikwenda mara chache za kuhesabika. Jumamosi asubuhi nilikuwa usingizini. Si zamu, si ugonjwa, usingizi. Mke wangu alikuwa anajifunga kanga yake gizani polepole asiniamshe. Akifika huko mwenyekiti anamuuliza, "Na mzee?" Naye anajibu, "Yuko mizani." Wananiwekea tiki. Alinidanganyia miaka yote ile, mwanamke ambaye kwa jambo lingine lolote hakujua kudanganya, na hakuwahi kunilaumu. Alipofariki, misa yake ilikuwa na mapadre watatu, nami nikakaa benchi la mbele, mgane mwema, safi kwenye daftari. Hata seminari walipotaka barua ya jumuiya kunithibitisha, niliipata bila shida.

Nilipiga moyo konde. Jumapili iliyofuata, kwenye kigango cha ng'ambo ile ya bonde, nilisema mahubirini kwamba mimi padre wao nilikuwa mtoro wa jumuiya, na kwamba tiki zangu zilikuwa za uongo, na kwamba niliyekataa kumzika alikuwa bora kuliko mimi. Sababu sikuweza kuisema. Siri haikuwa yangu. Watu wakanitazama kidogo, kisha mtu mmoja akacheka, wakacheka wote, na kinamama wakapiga vigelegele. Walidhani najishusha ili kuwafundisha. Mwenyekiti alinishika mkono nje akaniambia hajawahi kuona padre mnyenyekevu namna ile.

Nikaenda kaburini na stola yangu na maji ya baraka, nikasoma mazishi yote, neno kwa neno, kwenye udongo ulioanza kuota majani. Mwenyekiti alinishikia mwamvuli. "Una huruma, Padre," alisema tukirudi. "Mtu mwenyewe hata hakuwa anasali." Nilitamani ardhi ipasuke. Mjane, mwenye siri, alikuwa hatua chache nyuma yetu.

Mwezi uliofuata mwenyekiti alileta daftari ofisini kama kawaida yake. Akalifungua, akanionyesha mstari wa mjane. Tangu mumewe afariki, mikasi mitupu.

"Huyu naye ameanza," alisema kwa masikitiko ya kweli. "Ameiga tabia ya marehemu. Siku yake ya kufa ikifika tutasemaje?"

Ndipo nilipoelewa kwamba nilichokivunja bado kilikuwa kinaendelea kuvunjika. Hakuna tena wa kubaki. Ndugu za mjane wapo mjini, Mwembesongo, wana biashara zao na watoto wao. Watoto wake mwenyewe nao wameshuka kutafuta maisha. Jumamosi hiyo niliamka mapema, nikavuka bonde kwa fimbo, nikabisha hodi.

"Nenda jumuiya," nilimwambia mjane. "Mimi nitabaki na mama."

Alikataa mara tatu. Padre hageuzi wagonjwa, watu watasema nini, chai hajachemsha. Nikamwambia watu waambiwe Padre anakuja kumsalia mama, na si uongo, nitasali. Mwishowe akakubali, kwa namna ya mtu aliyechoka kukataa. Kumfuta anamfuta mwenyewe kabla hajaondoka. Mimi namlisha uji, namgeuza ubavu wa pili ikifika saa yake, namnyoosha miguu. Mara ya kwanza nilimshika vibaya akapiga kelele, nikataka kukimbia. Alinielekeza: mkono huu begani, huu nyongani, usivute, viringisha. Alikuwa ananifundisha alivyofundishana na mkwe wake. Nina miaka sitini na minne na najifunza kazi ambayo mke wangu aliingoja kwangu miezi saba.

Kumbukumbu za bibi za zamani ni nzima kabisa. Za juzi zinavuja. Anajua mkwe wake amekufa, lakini hakumbuki aliyoambiwa kuhusu mazishi. Kwa hiyo kila Jumamosi, nikishamgeuza na ameutazama mlima wake, ananiuliza upya: "Ulimzika vizuri, mwanangu?"

Jumamosi ya nne nilishindwa kubeba. Nilimwambia ukweli. Nikamwambia, "Hapana, mama. Walikuja kuniomba, nikakataa. Nisamehe." Niliona uso wake ukikunjamana polepole, akageukia ukutani kwa nguvu zake mwenyewe, bila mti wa mwanzi, bila mimi, na akalia. Alilia bila kunitukana. Nilikaa pale na bakuli la uji, na nikiri yote: pamoja na machozi yake, mimi nilijisikia mwepesi. Binti yake aliporudi kutoka jumuiya alimkuta bado analia. Alinitoa nje, na kwa mara ya kwanza tangu tujuane aliniangalia usoni moja kwa moja.

"Padre, wiki ijayo atakuwa amesahau. Atakuuliza tena. Na ukimwambia, atalia tena upya kama leo. Utamliza kila Jumamosi ili wewe upumue?"

Nilikuwa bado nimeshika bakuli la uji.

"Mwambie ulimzika. Hicho tu ndicho ninachokuomba. Na leo tuko pembeni," alisema.

Basi navuka bonde kila Jumamosi. Mstari wa mjane kwenye daftari umeanza tena kuwa na tiki. Nimeungama kwa padre mwenzangu mjini, nikaondolewa dhambi, lakini hili halikuondoka nayo. Namlisha uji, naweka mkono huu begani, huu nyongani, naviringisha. Bibi anatulia, anautazama mlima, kisha ananishika mkono.

"Ulimzika vizuri, mwanangu?"

"Ndiyo, mama. Nilimzika."

"Asante sana, Padre," ananiambia. Kila Jumamosi ananishukuru.